Miguu ndani ya sufuria

Mwaka 1991, katika kambi moja ndani ya misitu ya milima ya Udzungwa, watafiti wa ndege kutoka Denmark walichungulia sufuria ya mchuzi wa kuku wakaona jozi ya miguu.

Haikuwa ya kuku.

Mguu wa ndege una mengi ya kumwambia anayeujua. Jogoo ana kipi, ule mwiba wa nyuma anaopigania. Kereng'ende, kwale wa shingo nyekundu anayelia pembezoni mwa mashamba alfajiri, ana miguu myekundu, na dume lake lina kipi vilevile. Kanga ana miguu ya kijivu iliyokolea. Lakini ndege wa sufuriani, ukimkuta mzima, miguu yake ni ya njano na haina kipi hata kimoja.

Miaka mitatu baadaye, 1994, Lars Dinesen na wenzake wakachapisha maelezo yake. Hakuwa spishi mpya tu. Ilibidi aundiwe jenasi yake peke yake, Xenoperdix, kwa sababu miongoni mwa kwale wote wa Afrika hakupatikana wa kumweka naye. Jina hilo limetokana na Kigiriki, na maana yake ni kwale mgeni.

Hadithi ya sufuria husimuliwa kila ndege huyu anapotajwa. Watu hucheka, kisha mazungumzo yanaendelea. Mimi imenikaa kichwani kwa wiki kadhaa na haitoki. Ndege anaitwa mgeni, na huku sufuria inashuhudia kwamba yupo mtu aliyejua njia anayopita, aliyejua mtego unaomfaa, na aliyejua akae motoni muda gani mpaka aive. Tena hadithi husimuliwa kama mali ya Udzungwa, kana kwamba inaishia huko Iringa na Morogoro. Mtu wa Dodoma akiisikia anaona haimhusu.

Inamhusu sana. Ndugu wa ndege yule anaishi kwenye milima yetu, ile iliyo juu ya Mpwapwa.

Upande wa kushoto wa treni

Ukipanda treni ya SGR kutoka Morogoro kuja Dodoma, ukishaiacha Kilosa unaingia eneo la mahandaki na bonde la mto Mkondoa. Milima ya kulia ni Ukaguru. Ya kushoto ni Rubeho.

Muda si mrefu unafika Gulwe, na nchi imeshabadilika: mibuyu, miiba, korongo la mchanga lisilo na tone la maji. Hapo ndipo wengi wanaona Dodoma imeanza, na kwa hiyo wanaamini kwamba Dodoma ni zabibu, mtama, uwele na vumbi. Wakazi wa Kibakwe na vijiji vya juu wanajua sivyo. Kule kuna ukungu asubuhi, kuna maharage yanayostawi wakati bondeni yameungua, na kwenye vilele kuna msitu ambao mashina yake yamevaa kuvu na kuvumwani mwaka mzima.

Mlima mmoja unazaa nchi mbili, na sababu ni upepo. Upepo wa Bahari ya Hindi unakuja na unyevu, unagonga miteremko ya mashariki, unalazimika kupanda. Hewa ikipanda inapoa, kama nyuzi 6 hivi kwa kila mita 1,000, na unyevu wake unageuka wingu na mvua. Ikishavuka kilele inashuka upande wa magharibi, inapata joto tena, na haina cha kudondosha. Dodoma mjini hupata milimita 570 hivi za mvua kwa mwaka, karibu zote kati ya Desemba na Aprili. Ukame wa bondeni na ukungu wa kileleni vimeletwa na upepo uleule.

Rubeho ni kipande kimoja cha Milima ya Tao la Mashariki, inayoanzia Taita nchini Kenya na kushuka mpaka kusini mwa Tanzania. Kwa kuwa bahari haikuacha kuileta mvua hiyo hata nyakati ambazo sehemu kubwa ya Afrika ilikauka, misitu ya juu imekaa muda mrefu mno bila kukatika. Ndani yake wamebaki viumbe ambao ndugu zao wa karibu hawapo tena popote Afrika.

Ndugu zake wako Asia

Hapo ndipo jina la "mgeni" linapopata maana.

Kwale wa Afrika ni wengi, wa mbugani, wa vichakani na wa milimani, na kwa sehemu kubwa ni ukoo mmoja unaojulikana. Huyu si wao. Walio karibu naye zaidi ni kwale wa milima wa Asia, jenasi Arborophila, wanaoishi kuanzia miteremko ya Himalaya mpaka visiwa vya Java na Sumatra. Umbo linasema hivyo, na vinasaba vilipopimwa baadaye vikasema hivyohivyo.

Kwa hiyo ndege anayeparua majani juu ya Mpwapwa ana binamu India na Indonesia, na kereng'ende anayelia shambani chini ya mlima uleule ni jirani tu.

Hakuruka bahari kuja huku. Zamani sana, mamilioni ya miaka nyuma, Uarabuni hakukuwa jangwa kama leo; uoto wa miti uliweza kuunganisha Afrika na Asia, na ndege wa sakafu ya msitu walikuwa na njia ya kupita kwa miguu. Njia ikakauka. Waliobaki upande huu wakapungua mpaka wakabaki kwenye vilele vichache vyenye mvua.

Afrika ina kisa kingine kinachofanana na hiki kupita kiasi. Mwaka 1913 mtaalamu wa ndege kutoka Marekani, James Chapin, aliona unyoya wa ajabu kwenye kofia ya mtu katika msitu wa Ituri, Kongo. Aliutunza bila kumjua mwenye unyoya. Mwaka 1936, kwenye jumba la makumbusho la Tervuren, Ubelgiji, akakuta ndege wawili waliokaushwa wenye manyoya ya namna hiyo, wameandikwa kuwa tausi wachanga wa kawaida. Ndivyo tausi wa Kongo alivyojulikana kwa sayansi, naye pia ndugu zake wa karibu ni tausi wa Asia.

Unyoya kofiani, miguu sufuriani. Kwa wenyeji mmoja alikuwa pambo na mwingine kitoweo, muda mrefu kabla ya hati yoyote kuandikwa. Nadhani neno "kugundua" tulilegeze kidogo tunapoongea habari hizi. Walichofanya Dinesen na wenzake ni kazi kubwa na ya heshima: walitambua kwamba kitoweo kile hakina mfano wake. Aliyekitega alikuwa ameshamjua ndege kwa namna nyingine, ya mahali anapopita, saa anapotoka na mboji anayoipenda. Maarifa ya aina hizo mbili yalikutana kwenye mchuzi mara moja tu, na kwa bahati.

Kidari cheupe

Swali lililonisumbua zaidi lilikuwa hili: ndege huyu alifikaje Rubeho na Udzungwa kwa pamoja?

Kati ya milima hiyo miwili kuna bonde la Ruaha Mkuu. Aliyepita barabara ya Mikumi kwenda Iringa analijua: ukifika Ruaha Mbuyuni joto linakupiga usoni, na mibuyu imejipanga pande zote kabla hujaanza kupanda Kitonga. Kunguru anavuka bonde lile asubuhi moja. Njiwa pia.

Kwale wa msituni hawezi, na ushahidi uko jikoni.

Mpasue kuku. Kidari ni cheupe, paja lina wekundu. Sasa mpasue njiwa au bata: kidari chake ni chekundu kama ini. Nyama nyekundu ina damu nyingi na protini inayoshika oksijeni, kwa hiyo misuli yake inafanya kazi saa nyingi bila kuchoka. Nyama nyeupe hutumia sukari iliyohifadhiwa ndani yake yenyewe. Inatoa nguvu ya ghafla, ndege anafyatuka kutoka ardhini kwa kishindo, lakini sukari inaisha upesi na lazima atue. Kuku, kanga na kwale wote ni wa kidari cheupe. Mabawa yao ni mafupi na ya mviringo, yametengenezwa kwa ajili ya kuruka juu ya hatari na kutua nyuma ya mti wa tatu. Mwili wa kazi ya kila siku ni miguu.

Ongeza na tabia. Ndege aliyezoea kivuli kizito hatoki kwenye mwanga. Hata barabara pana au shamba lililofyekwa linaweza kuwa ukuta kwa ndege wengi wa sakafu ya msitu. Bonde zima la mibuyu ni bahari.

Jibu, basi, ni kwamba hakuvuka. Alikuwepo pande zote mbili tangu zama ambazo hali ya hewa ilikuwa na unyevu zaidi na misitu ikashuka chini mpaka ikagusana. Misitu iliporudi juu, ilimbeba kila mmoja na mlima wake.

Mmoja au wawili

Mwaka 2003 Jon Fjeldså na Jacob Kiure walichapisha habari za kundi la pili la kwale hawa, kutoka msitu wa Mafwemiro katika milima ya Rubeho. Waliliweka kama nususpishi ya yule wa Udzungwa. Mwaka 2005 Rauri Bowie na Fjeldså wakarudi na vipimo vya mwili na vya vinasaba, wakasema tofauti ni kubwa kiasi cha kuwahesabu kuwa spishi mbili. Wa Rubeho akaitwa Xenoperdix obscuratus. Tangu hapo orodha za ndege za dunia zimekuwa zikivutana: hii inawaweka pamoja, ile inawatenganisha.

Nilidhani zamani kwamba huu ni ubishi wa makabatini. Sasa naona sivyo, ila si kwa sababu ya jina.

Ukisema ni mmoja, akilini mwako Rubeho inakuwa tawi. Tawi likikatika, unajifariji kwamba shina liko Udzungwa kwenye hifadhi ya taifa. Ukisema ni wawili, hakuna pa kujifariji. Watu wa mipango na fedha wanasoma majina, na jina linaamua mlima upi unapata walinzi na upi unasubiri.

Lakini bonde halisomi orodha. Hata wangekuwa ndege mmoja kwa asilimia mia, hakuna kwale wa Ndundulu, msitu wa Udzungwa, atakayevuka Ruaha Mbuyuni kuja kujaza nafasi Mafwemiro. Msitu wa Rubeho ukibaki mtupu, utabaki mtupu. Kwa upande wa ulinzi, swali la mmoja au wawili limekwishajibiwa na kidari.

Na kwale hayuko peke yake kule juu. Mwaka 2004 Pamela Beresford, Fjeldså na Kiure walieleza spishi nyingine ya milima hiyo, ndege mdogo wa vichaka vya chini mwenye kifua cha rangi ya chungwa, Sheppardia aurantiithorax. Ndundulu nako baada ya kwale kukapatikana kima anayeitwa kipunji, kisha sange mkubwa mwenye uso wa kijivu aliyetangazwa 2008. Msitu unaoficha ndege wa sentimita 29 unaficha na mengine.

Chini ya majani

Sentimita 29 ni kutoka ncha ya mdomo hadi ncha ya mkia. Mdogo kuliko mtetea wa kienyeji. Mdomo mwekundu, uso wa rangi ya kutu, utosi na mgongo wa kahawia iliyoingia zeituni na mistari myeusi, tumbo la kijivu. Dume na jike hawatofautiani kwa macho, na makinda rangi yao imefifia. Akisimama kimya kwenye majani makavu, jicho linamkosa. Linanasa ule wekundu wa mdomo kwanza.

Chakula chake ni mbawakawa wa ardhini, sisimizi na mbegu. Vyote viko sehemu moja: kwenye zulia la majani.

Zulia hilo lina tabaka, na inafaa kuzijua. Juu kabisa kuna majani yaliyoanguka karibuni, bado mazima, makavu, yenye kelele. Chini yake majani yaliyovunjika, yameshikana kwa nyuzi nyeupe za kuvu, yana unyevu. Chini zaidi ni mboji yenyewe, nyeusi, inayonuka udongo baada ya mvua. Wadudu wengi wako tabaka la kati, penye unyevu na chakula cha kutosha lakini pasipo na jua. Kwale anaparua tabaka la juu kwa mguu, anageuza la kati kwa mdomo, anaokota, anasogea hatua mbili. Kundi dogo hutembea hivyo pamoja, na ukipita nyuma yao utaona viraka vya mboji nyeusi vilivyofunuliwa kwenye kahawia ya majani.

Usiku hupanda kulala kwenye matawi. Sakafu ina nyegere, fungo na nyoka, na kundi lililobanana juu ya tawi linasikia mtikisiko wa shina.

Kinachoharibu zulia hakionekani kila mara kama uharibifu. Miti inaweza kuwa imesimama yote na ndege akawa ameondoka. Moto wa kusafisha shamba unaoponyoka Septemba, ukaingia ukingoni mwa msitu na kutambaa bila kuchoma mti hata mmoja, unakula tabaka la juu na la kati kwa pamoja. Ng'ombe wanaopenyezwa kutafuta majani mabichi wakati wa kiangazi wanakanyaga mpaka majani yanasagika na ardhi inashupaa. Mti mmoja mkubwa ukikatwa kwa mbao, tundu la jua linafunguka, unyevu wa tabaka la kati unakauka, na magugu yanaota hapo badala ya kivuli. Mtu akiangalia kutoka ng'ambo ya bonde ataapa kwamba msitu ni mzima.

Uzio wa magotini

Mtego wa kwale umeundwa na mtu anayemjua kwale. Ndiyo maana unafanya kazi vizuri kiasi cha kutisha.

Ndege wa kutembea akikuta kizuizi haruki, maana kuruka kunagharimu ile sukari ya kidari. Anakifuata pembeni mpaka apate upenyo. Mtegaji analaza matawi na fito kwa mstari, kimo cha goti au chini yake, makumi ya mita kando ya mteremko. Kila baada ya hatua kadhaa anaacha upenyo wa kupitisha ndege mmoja. Kwenye kila upenyo kuna kitanzi cha nailoni, katani au waya wa breki ya baiskeli, kimefungwa kwenye ufito mbichi uliopindwa, na kijiti cha kufyatua kimeshikilia vyote. Ndege anaingiza shingo au mguu, kijiti kinachomoka, ufito unanyooka.

Mtego hauchagui. Kanga wa msituni, funo, sange, wote wanapita upenyo uleule. Na mtegaji akiugua, akisafiri au mvua ikamzuia wiki mbili, mtego unaendelea kuua na nyama inaoza pale. Waya unadumu miaka.

Wanaofanya doria hukosea mahali pamoja: wanakusanya vitanzi, wanapiga picha ya rundo, wanaondoka. Vitanzi ndiyo sehemu nyepesi kuliko zote. Kazi nzito ya mtegaji ilikuwa uzio, na uzio umeachwa umesimama. Kesho anarudi na nailoni ya mfukoni na mstari wote unafanya kazi kabla ya saa sita. Ukiukuta mstari, ufuate mpaka miisho yote miwili, kwa sababu mara nyingi unapinda na kuendelea nyuma ya gogo. Hesabu penyo zote uziandike. Kata kila ufito uliopindwa, chini kabisa, usiote tena kwa umbo lile. Sambaza matawi ya uzio kila upande wa mteremko. Waya utoke nao msituni, usiufukie. Kisha rudi mahali hapo baada ya mwezi mmoja, maana mstari mzuri wa mtego huchaguliwa kwa ardhi yake na atakayekuja mwingine atachagua palepale.

Kumwona bila kumsumbua

Kwanza kibali. Misitu ya hifadhi iko chini ya Wakala wa Huduma za Misitu, TFS, na mwenyeji anayezijua njia ni wa lazima. Ukungu ukishuka alasiri huoni mita 10 mbele.

Kiangazi majani yana kelele, zako na zake. Hiyo inasaidia kama unajua kusimama. Tembea hatua ishirini, simama dakika tano, sikiliza. Mparuo wa kwale una mpigo: mbili au tatu za haraka, kimya, kisha tena. Ndege wengine wadogo hugusa jani moja moja. Funo anakanyaga kwa uzito na kwa nafasi. Baada ya mvua sauti zote zinakufa, na hapo jicho ndilo linabaki, litafute viraka vya mboji iliyofunuliwa upya.

Usimpigie sauti ya simu ili aje. Ndege anayeacha kula ili kufukuza mpinzani asiyekuwepo anapoteza asubuhi, na kundi dogo likifanyiwa hivyo kila wiki linahama sehemu yake nzuri.

Kamera za kujipiga zenyewe zinafanya kazi bora kuliko macho, zikiwekwa sawa. Kosa la kawaida ni kuifunga kifuani kwa mtu, kwa sababu ndipo mkono unapofika. Picha zote zinakuwa za migongo ya nguruwe. Kwa kwale ifungwe sentimita 20 hadi 30 kutoka ardhini, ikitazama sambamba na mteremko. Ielekee kaskazini au kusini, jua la asubuhi na la jioni lisiingie kwenye lenzi. Ng'oa jani lolote linaloyumba mbele yake ndani ya mita tatu, kwa kuwa kihisi kinasoma joto linalosogea, na jani lililopigwa na jua linatosha kujaza kadi nzima kwa siku mbili. Tia na chembe za silika kwenye kisanduku. Ukungu wa Rubeho unaingia hata pale mpira unapoonekana kuziba.

Banda likiwa tupu

Narudi kwenye sufuria, kwa sababu ndiko wasiwasi wangu ulikoanzia.

Ulikuwa mchuzi wa kuku. Hilo ndilo neno ninaloona linarukwa. Kwale aliingia sufuriani kwa nafasi ya kuku, na watu wanaoishi kando ya msitu wanakula kuku wakiwa nao. Sheria inamkataza mtu kutega, na sawa. Lakini mtegaji wa uzio mdogo juu ya Mpwapwa mara nyingi anatafuta mboga ya nyumbani, na swali la maana ni kwa nini bandani hakuna.

Hakuna kwa sababu ya mdondo, au kideri kama wengine wanavyouita. Ugonjwa ukiingia kijijini kuku wasiochanjwa wanakwisha karibu wote ndani ya wiki moja au mbili. Shingo zinapinda, kinyesi kinakuwa cha kijani, asubuhi unaokota mizoga. Mwenye kuku thelathini anabaki na wawili. Banda likiwa tupu, msitu unakumbukwa.

Sijui njia nafuu zaidi ya kumlinda kwale wa Rubeho kuliko chanjo ya mdondo iitwayo I-2, inayotengenezwa hapahapa nchini na kuvumilia joto kuliko chanjo za kale. Mshike kuku, mlaze kichwa upande jicho moja liangalie juu. Dondosha tone moja. Subiri apepese na tone lienee, ndipo umwachie. Ukimwachia mapema anatikisa kichwa na tone linaruka. Kifaranga na jogoo kipimo ni kilekile, tone moja. Chanja kijiji kizima siku moja, maana banda moja lililorukwa linatosha kuufuga ugonjwa. Chupa ikae kivulini ndani ya kitambaa chenye unyevu, na ikishafunguliwa itumike siku hiyohiyo. Kundi lililokwisha kuugua halitaokolewa nayo, kwa hiyo ifanyike mapema, kabla kiangazi hakijakolea, kwa sababu kinga inahitaji wiki moja hadi mbili kujengeka. Kisha rudia kila baada ya miezi mitatu.